Makasha mawili na vijiti viwili

Siku ya 1, Jumamosi

Leo nimefagia karakana na kupanga vitu mezani ili nisipate kisingizio cha kuahirisha tena. Nina nusu shiti ya plaiwudi ya milimita 12, kipande cha plaiwudi nyembamba ya milimita 3, msumeno wa mbao uliokwisha meno, na vipande vinne vya mpingo nilivyopewa na mchongaji mmoja wa Mwenge nilipokwenda Dar mwezi uliopita. Kwake yalikuwa masalio ya kutupa. Mimi niliyabeba kwenye basi hadi Morogoro nimeyapakata kama mayai.

Mpango: nitengeneze ala tatu. Ya kwanza ni klave, vile vijiti viwili vya Kuba. Ya pili ni kajoni, kasha la kupiga kwa viganja, lililozaliwa pwani ya Peru na siku hizi linaonekana kila penye flamenko, muziki wa Andalusia, kusini mwa Hispania. Ya tatu ni marimbula, kasha lenye ndimi za chuma, ambalo mpigaji hulikalia na kudonoa besi kwa vidole. Baada ya hapo watu wanne tujifunze mitindo michache na kuipiga nusu saa kwenye ukumbi wa mtaa. Nimejipa siku thelathini.

Kilichoniingiza humu ni jina. Mtu aliyekulia Morogoro hawezi kukwepa habari za bendi ya Cuban Marimba ya Salum Abdallah. Wazee wetu waliicheza, na hata baada ya yeye kufariki mwaka 1965 nyimbo zake ziliendelea kupigwa redioni. Nilikaa na jina hilo miaka mingi bila kujiuliza Kuba na marimba vilikutania wapi. Kisha nikaona picha ya zamani ya kikundi cha Kuba, na pembeni yuko mtu amekalia sanduku lenye vyuma vilivyopangwa mbele kama meno. Ilikuwa marimba ya vidole, kama ilimba ya Wagogo, ila yenye ukubwa wa kiti. Sisemi bendi yetu ilipata jina hapo. Nasema tu kwamba usiku ule sikulala mapema.

Siku ya 2, Jumapili

Klave. Nilidhani ni kazi ya saa moja, nikashinda nazo kutwa. Mpingo unakataa randa, patasi unaila, na vumbi lake linawasha pua. Nimemaliza kwa msasa: vijiti viwili vya mviringo, kila kimoja kama sentimita 20, unene wa kidole gumba cha mtu mzima.

Huko Havana inasimuliwa kwamba klave za kwanza zilikuwa vigingi vya mbao ngumu vya kuundia meli, vilivyookotwa na wafanyakazi wa bandarini. Jina lenyewe linakaribiana na neno la Kihispania la kigingi. Nimependa kwamba ala inayoongoza muziki wote wa Kuba ilianza kama takataka ya gatini, maana hizi zangu nazo zimetoka kwenye rundo la kutupa.

Nilipozigonga mara ya kwanza zilitoa sauti ya kijiko na sahani. Nilikuwa nimezikamata kwa nguvu mno. Kijiti cha chini hakishikwi, kinalazwa juu ya ncha za vidole na kiganja kikakunjwa chini yake kama kibakuli, ili ule uwazi ndio uvumishe sauti. Nikalegeza mkono, mpingo ukalia "kla!" hadi jirani akachungulia.

Siku ya 3

Jioni alikuja Mzee, yule aliyepiga gitaa la kati kwenye bendi za dansi zamani. Amekubali kuwa mmoja wa wanne wetu kwa sharti la chai.

Nikamweleza klave kwa hesabu nilivyojifunza. Hesabu moja hadi kumi na sita kwa mwendo sawa, kisha gonga kwenye 1, 4, 7, 11 na 13. Upande wa kwanza una mapigo matatu, wa pili mawili. Hiyo ndiyo klave ya soni, muziki wa dansi wa Kuba. Klave ya rumba inafanana nayo, ila pigo la tatu linachelewa kidogo na kuangukia 8 badala ya 7. Tofauti ni ndogo kama punje ya mchele, lakini mwendo mzima unapinda.

Mzee akanisikiliza kwa adabu, akachukua kijiko cha chai, akaipiga klave ya soni kwenye ukingo wa meza bila kuhesabu chochote, huku akiendelea kuniuliza habari za watoto.

"Shikamoo, mzee," nikamwambia kwa mara ya pili siku hiyo.

"Marahaba. Hiyo mpiga ngoma wetu alikuwa anaigonga kwa kijiti ubavuni mwa ngoma. Sisi tuliita mwendo tu. Hizo namba zako ndizo zinanitatiza."

Siku ya 5

Sikugusa mbao leo. Nimekaa na neno moja, rumba, na nadhani nitakuwa na ugomvi nalo hadi mwisho wa kazi hii.

Kuba yenyewe, rumba ni ngoma ya mitaani ya Havana na Matanzas. Haina gitaa wala tarumbeta. Ina waimbaji, ngoma na vijiti, na zamani hata ngoma hazikuwepo, watu walipiga makasha: yale makubwa yaliyoletea samaki wakavu yalitoa sauti nzito, na yale madogo ya mishumaa sauti nyembamba. Ina mitindo mitatu inayotajwa sana. Yambu ni ya taratibu, ya wazee. Guaguanko ni ya mwanamume na mwanamke: mwanamume anamvizia mwenzake kwa mrusho wa ghafla wa kiuno, mkono au mguu, na mwanamke anajikinga kwa sketi au kwa mkono kabla hajaguswa. Kolumbia ni ya mtu mmoja, kwa desturi mwanamume, anayeshindana kwa miguu na mpiga ngoma wa mbele. Mwaka 2016 UNESCO iliiweka rumba hiyo kwenye orodha ya urithi wa dunia usioshikika.

Sasa rumba tunayoijua sisi, ya magitaa, ya Léopoldville (Kinshasa ya leo) na Brazzaville, iliyofika kwetu ikawa dansi, mwendo wake si huo. Ni soni. Soni ilitoka mashariki ya Kuba, milimani na kwenye mashamba ya upande wa Santiago na Guantánamo, ikiwa na tresi, yaani gitaa dogo la nyaya zilizofungwa jozi tatu, pamoja na bongo (ngoma mbili ndogo pacha), manyanga na marimbula. Karibu na mwaka 1910 ikashuka Havana. Mwaka 1927 Septeto Nacional ya Ignacio Piñeiro ikaongeza tarumbeta. Baadaye, miaka ya 1940, Arsenio Rodríguez, kipofu aliyepiga tresi kama mwenye macho ya ziada, akaingiza piano, tumba na tarumbeta kadhaa, na muziki ukanenepa.

Jina lilibadilishwa njiani. Mwaka 1930, mjini New York, okestra ya Don Azpiazú ilirekodi "El manisero", wimbo wa muuza karanga uliotungwa na Moisés Simons, sauti ikiwa ya Antonio Machín. Ni soni iliyojengwa juu ya mwito wa mchuuzi. Lakini kwenye karatasi ya santuri ikaandikwa rumba, kwa kuwa neno soni kwa msomaji wa Kiingereza linaloandikwa "son" lingeonekana kama "song", yaani wimbo, lililokosewa. Santuri ikauzwa mno. Kuanzia 1933 kampuni ya HMV ikaanza kuleta Afrika muziki wa Kuba katika santuri zenye herufi GV, na jina likaja limeshabandikwa. Vijana wa Kongo wakashika gitaa na kuiga walichokisikia, wakakiita kilivyoandikwa. Mwaka 2021 rumba ya Kongo nayo ikaingia orodha ileile ya UNESCO. Kwa hiyo orodha ina rumba mbili, na ile ya pili ilipewa jina na kiwanda cha santuri.

Nilimsomea Mzee haya yote. Akasema: "Kumbe tulikuwa tunacheza soni." Akanywa chai. "Basi tuliicheza vizuri."

Siku ya 8

Kajoni. Nimekata kuta nne za plaiwudi nene, kimo sentimita 48, upana na kina 30 kwa 30. Nyuma nimetoboa tundu la sentimita 12 kwa keekee na msumeno mwembamba. Sina jiriwa za kutosha, kwa hiyo nimekaza kasha kwa mipira ya baiskeli iliyochanwa, njia aliyonifundisha marehemu baba. Inabana kuliko chuma.

Kisha nikaharibu. Uso wa mbele, ule wa milimita 3, niliupaka gundi pande zote nne kwa uangalifu mkubwa na nikaenda kulala nikijisifu. Asubuhi nikaupiga. Katikati uliitika "du", safi kabisa. Juu, mahali panapotakiwa kutoa "cha" kama kofi, hapakuwa na kitu. Nimejifunza kwa gharama ya kipande cha plaiwudi kwamba pembe za juu hazifungwi. Zinaachwa wazi kidogo, au skrubu zinalegezwa, ili ubao ujipige kwenye ukingo wa kasha.

Nimeubandua kwa patasi. Umepasuka.

Siku ya 9

Uso mpya, skrubu tupu, gundi chini peke yake. Sasa linaongea.

Kajoni ni ya Waperu wenye asili ya Afrika. Watumwa wa pwani ya Peru na vizazi vyao walipiga makasha ya mizigo, na kasha likanyooshwa kuwa ala kamili. Peru iliitangaza kuwa urithi wa taifa mwaka 2001, na sababu mojawapo ni kwamba dunia ilikuwa imeshaanza kuiita ala ya Kihispania. Ilifika Hispania kwa mkono wa mtu anayejulikana: mwaka 1977 mpiga gitaa Paco de Lucía alikuwa Lima, akamsikia Caitro Soto akipiga kasha, akaondoka nalo. Katika kundi lake Mbrazili Rubem Dantas ndiye aliyelikalia. Ndani ya muda mfupi wapigaji wa Andalusia wakawa hawawezi kuliacha, kwa sababu sauti yake ya juu inafanana na kisigino cha mcheza flamenko na ya chini inafanana na wayo. Wao wakaongeza nyaya za gitaa ndani, nyuma ya uso, ili likwaruze. La Peru halina nyaya. Langu nimeliacha bila nyaya, kwa heshima na kwa sababu nyaya ni ghali.

Siku ya 11

Flamenko imenishinda leo. Niandike hivyo hivyo.

Nilianza na buleria, mtindo wa Jerez, wa kasi na wa furaha. Duru yake ina hesabu kumi na mbili, na wenyewe wanaanza kuhesabu kwenye 12. Mapigo mazito yako kwenye 12, 3, 6, 8 na 10. Ukiyatazama kama hatua, ni mbili ndefu na tatu fupi: tatu, tatu, mbili, mbili, mbili. Kwa karatasi naielewa. Kwa mikono, kila nikifika hesabu ya 6 mwili wangu unataka kuendelea na tatu nyingine, na nikishajikwaa siwezi kuingia tena hadi duru ipite.

Binti wa jirani, ambaye ndiye wa tatu wetu, ameipata kwa dakika kumi. Hahesabu. Anasema anaisikia kama mtu anayepanda ngazi mbili ndefu halafu anateremka mbio tatu fupi. Nimemkabidhi makofi. Flamenko ina makofi ya aina mbili, ya kiganja kilichokunjwa yanayofifia chini ya mwimbaji, na ya vidole juu ya kiganja yanayokata hewa, na yote anayapiga sasa hivi ananionea huruma.

Solea, mtindo mwingine wa flamenko, ina mapigo mazito yaleyale lakini inaanzia 1, kwa hiyo yanaangukia 3, 6, 8, 10 na 12, na mwendo ni wa polepole, wa mtu mwenye jambo moyoni. Bibi yake yule binti, mtu wa Tanga na mpenzi wa taarab tangu utoto, alipita nikiwa nasikiliza solea kwenye simu. Akasimama. "Huyu anaimba au analia?" Kisha: "Mbona kama kuna udi humo ndani?"

Hamna udi, lakini nikamweleza ninachojua. Waislamu walitawala sehemu za Hispania tangu 711 hadi 1492. Mwaka 822 alifika Córdoba mwanamuziki Ziryab, kutoka Baghdad, na udi wake. Hata jina la Kihispania la ala hiyo, laúd, ni al-udi ya Kiarabu. Hapo nilinyamaza, kwa sababu wapo wanaoruka kutoka 1492 moja kwa moja hadi flamenko kama vile ni jana na leo. Flamenko tunayoisikia ilipata umbo lake karne ya 18 na 19, Cádiz, Jerez na Triana ya Sevilla, mikononi mwa Wagitano, yaani Wajipsi wa Hispania, na maskini wenzao wa Andalusia. Katikati kuna miaka mia tatu. Damu ya udi inaweza kuwemo, ila kitoto kina wazazi wengi. Bibi akasema hata taarab iko hivyo, na akaenda zake msikitini.

Siku ya 12

Jambo dogo lililonifurahisha. Nimeandika klave na buleria juu kwa chini. Klave ya soni kwa hatua ni tatu, tatu, nne, mbili, nne. Buleria ni tatu, tatu, mbili, mbili, mbili. Zote zinaanza na hatua mbili za tatu, kisha kila moja inashika njia yake. Sitajenga hoja juu ya hilo. Lakini Wahispania wenyewe wana fungu la nyimbo wanaloliita za kwenda na kurudi, kwa kuwa zilivuka bahari na mabaharia na askari, zikakaa Kuba na Amerika, zikarudi Andalusia zimebadilika. Guahira ni mojawapo: ya wakulima wa Kuba, nayo flamenko huipiga kwa hesabu ileile ya kumi na mbili.

Siku ya 13

Mvua kutwa. Plaiwudi imefura pembeni. Hakuna kazi.

Siku ya 16

Marimbula, siku ya tabu na ya raha.

Kasha ni kubwa kuliko kajoni na limelala, linamtosha mtu kukalia huku amening'iniza mikono mbele, katikati ya miguu. Kasha halikunisumbua. Ndimi ndizo zilinisumbua. Visiwani kule Karibi mafundi walikata springi za gramafoni zilizochakaa na kuzifanya ndimi za marimbula. Nilipolijua hilo nilicheka peke yangu. Chombo kilicholeta muziki wa Kuba Afrika, tumbo lake huko kwao lilitumika kuupiga.

Mimi sina gramafoni, nina msumeno. Niliuchana vipande kwa grenda, nikavifunga na kudonoa. "Tep." Chuma kilichokufa. Grenda ilikuwa imekipasha moto hadi kikawa buluu, na chuma cha msumeno kikipata moto namna hiyo kinapoteza ugumu wake. Nusu ya msumeno imekwenda bure. Nusu iliyobaki nimeikata kidogo kidogo, nikichovya majini kila baada ya pumzi mbili, na imeitika.

Nimefunga ndimi saba. Ukirefusha ulimi sauti inashuka, ukiufupisha inapanda. Unalegeza boliti, unasukuma kwa nyundo ndogo, unakaza, unasikiliza. Mzee alikaa na gitaa akinipa noti, mimi nikigonga. Ilituchukua hadi saa nne usiku.

Siku ya 19

Hii ndiyo sehemu iliyobadilisha jinsi ninavyosikiliza. Nilidhani kazi ya besi ni kukaa kwenye moja. Kwenye soni besi inaikimbia moja. Kwa hesabu yetu ya kumi na sita inaangukia 4, 7, 12 na 15. Tazama: 4 na 7 inakutana na klave, pamoja kabisa. Upande wa pili inakataa kukutana nayo, inaingia 12, katikati ya 11 na 13 za klave, kisha 15, peke yake, ikiwa imeshaelekea duru inayofuata. Kwa hiyo mchezaji anasukumwa kabla hajafika.

Guantánamo wana babu wa soni anayeitwa changui, anapigwa kwa tresi, bongo, marimbula, manyanga na kikwaruzo, na hana klave kabisa. Tumejaribu hivyo, bila vijiti. Tulipotea wote wanne ndani ya dakika mbili. Tumerudisha vijiti.

Siku ya 24

Kijana wa nne ni mchezaji, na ndiye anayetuuliza maswali magumu. Alitaka tango. Nikakataa: tango ya Buenos Aires na Montevideo inabebwa na bandoneoni, kinanda cha mikono kilichotoka Ujerumani, na sisi tuna makasha. Alitaka salsa. Hiyo haikuhitaji kazi mpya. Ni soni na ndugu zake waliohamia New York na kukutana na Wapuerto Rico, ikauzwa kwa jina hilo na Fania, kampuni ya santuri ya mwaka 1964, ambayo wanamuziki wake walifika hadi Kinshasa mwaka 1974, mwimbaji wa Kuba Celia Cruz akiwamo.

Tulichokubaliana ni chacha, kwa sababu wazee wataijua. Mwanamuziki wa Kuba Enrique Jorrín aliona wachezaji wa Havana wanachanganywa na mapigo ya mtindo uitwao mambo, akatunga kitu kilichonyooka. Wimbo wake "La engañadora" ulirekodiwa 1953, na jina la mtindo linatokana na sauti ya viatu vikiburuzwa sakafuni. Kijana alikuwa anaanza hatua kwenye moja. Mzee akamsimamisha, "Mwanangu, subiri. Moja ipite. Ingia kwenye mbili." Mbili, tatu, cha-cha-cha, na ile cha ya mwisho ndiyo inayoangukia moja. Akamwonyesha mwenyewe, na ndala zake, na goti lake bovu.

Siku ya 30

Onyesho. Ukumbi ulijaa nusu, zaidi wazee na watoto. Guaguanko kwa kajoni na klave: watoto walipenda yule binti alivyokwepa. Buleria: nilikosea mara mbili, na mara ya pili nilinyamaza hadi 12 ikarudi, binti akanitikisia kichwa kama mwalimu. Soni ndiyo iliyoinua watu. Katikati yake ulimi wa tatu wa marimbula ulichomoka, ukaruka, ukalia sakafuni, nami nikabaki na noti sita. Hakuna aliyeona, maana walikuwa wameshaanza kucheza.

Kazi iliyobaki: boliti mpya zenye washa, msumeno mwingine, na kurekebisha pembe iliyofura. Na klave. Mzee aliondoka nazo mfukoni mwa shati, nami sikumwambia kitu. Bado nina vipande viwili vya mpingo.